Bwana wa Ziwa: Historia ya Kiumbe wa Majini katika Mwambao wa Bukoba na Muleba

Mwambao wa magharibi wa Ziwa Viktoria, unaoanzia karibu na mdomo wa Mto Kagera, ukapita Bukoba mjini na Kemondo hadi kwenye ghuba na visiwa vya Muleba, umekuwa kwa karne nyingi makao ya kiumbe ambaye hakuna aliyewahi kumvua wala kumpima, lakini ambaye nguvu zake zilijulikana kwa kila aliyeshika kasia. Wahaya walimwita Mugasha. Katika masimulizi yao Mugasha ni mmoja wa Bachwezi, yaani kundi la watawala wa kale ambao, baada ya kuondoka duniani, waligeuka mizimu mikubwa iliyoheshimiwa kuanzia Bunyoro na Nkore hadi Buhaya. Wamara alikuwa mkuu wao, Irungu akamiliki pori na wanyama wa mawindo, Kazoba akashika jua na mwezi, na Mugasha akapewa maji yote, pamoja na mvua, dhoruba na samaki. Historia yake inastahili kuandikwa kwa uzito uleule unaopewa historia ya wafalme, kwa kuwa kwa muda mrefu swali la nani anatawala ziwa lilijibiwa kwa jina lake kabla ya kujibiwa kwa jina la mfalme yeyote.

Jambo la kwanza linalopaswa kueleweka ni kwamba Mugasha hakuwa mnyama. Wageni waliofika baadaye walitafuta joka, mamba mkubwa au mabaki ya wanyama wa kale, lakini Wahaya walikuwa wanazungumza juu ya bwana mwenye nia, mwenye kukasirika na mwenye kupatanishwa. Alisema na watu kupitia embandwa, yaani mtu aliyewekwa wakfu kwa mzimu fulani, ambaye mzimu huo humpanda na kutumia kinywa chake. Familia iliyopotelewa na mtumbwi, au iliyokosa mvua wakati migomba ikinyauka, ilimwendea embandwa wa Mugasha ili kujua kosa lililotendeka na fidia inayotakiwa. Mahusiano hayo yalikuwa na sheria, deni na malipo, na ndiyo maana hayafanani hata kidogo na hofu ya mnyama mkali.

Kaskazini mwa mpaka wa sasa, Waganda walikuwa na bwana huyohuyo kwa jina la Mukasa, ambaye hekalu lake kuu lilikuwa kwenye kisiwa cha Bubembe katika visiwa vya Ssese. Mmisionari John Roscoe, aliyechapisha kitabu chake juu ya Waganda mwaka 1911, aliandika kwamba alama takatifu ya Mukasa ilikuwa kasia, na kwamba Mukasa alihesabiwa kuwa mpole kuliko mizimu mingine, kwa kuwa hakudai uhai wa binadamu. Nguvu yake ya kisiasa ilionekana waziwazi mwishoni mwa mwaka 1879, wakati Kabaka Mutesa, akiwa mgonjwa, alipomkaribisha ikuluni mjumbe wa Mukasa aliyewasili kwa mitumbwi na ngoma, huku mmisionari Mskoti Alexander Mackay akipinga kwa maneno makali. Wafalme wa Buhaya, ambao nchi zao zilipakana na Buganda kwa nchi kavu na kwa maji, waliishi katika mazingira yaleyale ya imani, na wote walijua kwamba mfalme anayetaka mitumbwi yake ivuke salama hawezi kumdharau bwana wa maji.

Haja ya kuwa na bwana wa namna hiyo inaeleweka vizuri zaidi mtu akitazama tabia ya ziwa lenyewe. Ziwa hili lina eneo la kilomita za mraba zipatazo 68,800, lakini kina chake hakizidi sana mita 80, hivyo mawimbi yake huinuka haraka upepo unapobadilika. Mchana ardhi hupata joto kuliko maji, na upepo huvuma kutoka ziwani kwenda nchi kavu. Usiku mambo hugeuka, upepo hutoka pande zote za nchi kavu na kukutana katikati ya ziwa, ambako hewa yenye unyevu hupandishwa juu na kutengeneza mawingu makubwa ya radi. Mawingu hayo husukumwa na upepo wa mashariki kuelekea magharibi, na ndiyo sababu Bukoba, ambayo hupata karibu milimita 2,000 za mvua kwa mwaka, mara nyingi hupigwa na radi alfajiri, wakati wavuvi waliokesha ziwani wanaporudi. Mtu asiyejua hesabu za shinikizo la hewa, ila akijua kwa uzoefu kwamba ziwa tulivu la jioni hugeuka mauti kabla ya kupambazuka, alikuwa na sababu ya kutosha kuamini kwamba chini yake yupo mwenye kuamua.

Kuna pia mambo ambayo macho huyaona na akili hukataa kuyapokea. Katika siku zinazozunguka mwezi mwandamo, wadudu wadogo wa ziwani ambao wameishi topeni wakiwa viluwiluwi hupanda juu ya maji kwa wakati mmoja, wakageuka kuwa na mbawa, na kuruka kwa mamilioni yasiyohesabika. Kutoka kwenye ukingo wa mawe juu ya Bukoba, makundi hayo huonekana kama nguzo za moshi mweusi zilizosimama juu ya maji, zikipinda, zikitembea taratibu, zikiungana na kuachana, bila moto wowote chini yake. Nguzo ikisukumwa na upepo hadi nchi kavu, wadudu huingia puani na machoni, hujaza taa, na kufunika kuta za nyumba. Mbali na hao, vimbunga vya maji, yaani mikondo ya hewa inayozunguka na kuteremka kutoka mawinguni hadi kugusa ziwa, si jambo la nadra katika maji haya. Mambo hayo mawili peke yake yangetosha kulisha masimulizi ya vizazi vingi, na inashangaza kwamba waandishi waliotafuta chanzo cha habari za kiumbe wa ziwa waliyapita haraka, wakakimbilia mifupa.

Habari za Mugasha zilihifadhiwa hasa na wapiga nanga. Nanga, au enanga kwa Kihaya, ni ala ya nyuzi iliyotengenezwa kwa ubao mnene uliochongwa na kufukuliwa katikati, ambao uzi mmoja mrefu hupitishwa huku na huko kwenye meno ya ncha zake mbili hadi kupatikana nyuzi kadhaa zinazolingana. Mpiga nanga hukaa, hupakata ala yake, na kughani tendi ndefu zinazoweza kuchukua saa nyingi za usiku, mbele ya wasikilizaji wanaoijua hadithi na wanaotaka kuona atakavyoiendesha. Mugyabuso Mulokozi, mwanazuoni wa fasihi mwenye asili ya Buhaya, aliandika tasnifu yake ya mwaka 1986 katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam juu ya tendi hizo, na Mmarekani Peter Seitel akachapisha mwaka 1999 uchambuzi wake wa fasihi simulizi ya Wahaya. Kazi zao zilionyesha kwamba utendi wa nanga una kanuni zake za ushujaa, safari na maafa, na kwamba si hadithi za kuwalaza watoto. Bwana wa ziwa alipewa heshima ya kuimbwa, na jambo hilo linasema mengi juu ya nafasi yake kuliko maelezo yoyote ya umbo lake.

Pigo la kwanza kwa utaratibu huo wa zamani lilitoka majini kwenyewe. Tarehe 28 Aprili 1875 Henry Morton Stanley, akilizunguka ziwa kwa mashua yake Lady Alice, alitua katika kisiwa cha Bumbire, ambacho leo kimo katika Wilaya ya Muleba, akitafuta chakula. Wenyeji waliiburuta mashua hadi nchi kavu na kuyachukua makasia, na Stanley aliponyoka kwa risasi. Tarehe 4 Agosti mwaka huohuo alirudi akiwa na mitumbwi mingi na bunduki, akasimama umbali ambao mishale na mawe ya teo hayakuweza kumfikia, na kuwapiga risasi watu waliojipanga ufukweni. Yeye mwenyewe alihesabu makumi ya waliokufa, na barua zake zilipochapishwa zilizusha lawama hata Uingereza. Watu wa Bumbire walikuwa chini ya Ihangiro, ufalme ambao ardhi yake ndiyo sehemu kubwa ya Muleba ya sasa, na kwao ziwa lilikuwa ngome iliyolindwa na umbali, dhoruba na bwana wake. Siku ile ilionekana kwamba mtu angeweza kuja juu ya maji, akaua, na kuondoka bila kumuuliza yeyote.

Mambo mengine yalifuata kwa kasi. Emin Pasha alianzisha kituo cha Wajerumani huko Bukoba mwezi Novemba 1890, na mwaka 1892 Mapadre Weupe walifungua misheni ya Kashozi. Mafundisho ya misheni yaliwaweka Bachwezi wote upande wa shetani, na embandwa waliokuwa washauri wa wafalme wakaanza kufanya kazi yao kwa siri. Ni haki, hata hivyo, kusema kwamba baadhi ya wamisionari walisikiliza kwa makini: Edmond Césard, Padre Mweupe, alichapisha katika miaka ya 1930 mfululizo mrefu wa makala juu ya Wahaya ambao hadi leo ni hazina ya masimulizi ya Wamara na wenzake. Wahaya wenyewe nao waliandika, na kitabu cha Francis Xavier Lwamgira juu ya historia ya Kiziba, ufalme mmojawapo wa Buhaya, kilichotoka kwa Kihaya, kilihakikisha kwamba habari za nchi haziachwi mikononi mwa wageni peke yao.

Katika kipindi hichohicho Mugasha na Mukasa walipata mwenzi wa ajabu katika vitabu vya Waingereza. Waganda walikuwa na habari za Lukwata, kiumbe mkubwa aliyesemekana kuishi katika maji ya kaskazini, na maofisa wa kikoloni walimshika huyo kwa hamu kubwa kwa sababu angeweza, kwa fikra zao, kupigwa risasi na kupelekwa makumbusho. Charles Hobley, ofisa wa utawala katika Afrika Mashariki ya Kiingereza, aliandika mwanzoni mwa miaka ya 1910 kwamba Sir Clement Hill, aliyekuwa mkubwa wa masuala ya Afrika katika Wizara ya Mambo ya Nje ya Uingereza, alimwona kiumbe akijaribu kumnyakua mtu aliyekaa omoni mwa chombo chao karibu na Mlima Homa, na kwamba alikuwa na hakika si mamba. Baadaye Charles Pitman, mkuu wa wanyamapori wa Uganda, alisimulia katika kitabu cha mwaka 1942 habari alizopewa na mjiolojia E. J. Wayland, ambaye alisikia juu ya mapigano ya Lukwata na mamba, na juu ya vipande vya nyama yake ambavyo wenyeji waliviokota ufukweni kuwa dawa yenye nguvu.

Habari iliyo nzito kuliko hizo ni ile iliyoandikwa na Mmarekani Edgar Beecher Bronson mwaka 1910, kwamba wakazi wa mwambao wa kaskazini walimheshimu nyoka mkubwa wa majini na kumhesabu kuwa dalili ya mavuno mema na kuongezeka kwa mifugo, na kwamba ugonjwa wa malale ulihusishwa na kuuawa kwake na wazungu. Malale, unaoenezwa na mbung'o na kumfanya mgonjwa asinzie hadi kufa, uliua watu zaidi ya 200,000 katika mwambao wa Uganda katika muongo wa kwanza wa karne ya 20, na wakazi wa visiwa vya Ssese wakahamishwa kwa amri ya serikali. Upande wa Wajerumani, Robert Koch alifanya utafiti Ssese mwaka 1906 na 1907, na kambi ya wagonjwa ikafunguliwa Kigarama katika Kiziba, wakati wa utawala wa Mfalme Mutahangarwa. Mtu anayeisoma imani ile leo anaweza kuipuuza kuwa ushirikina, lakini ilikuwa na mantiki yake: wageni walikuja, wakavunja mapatano ya kale na ziwa, kisha mauti yakapanda kutoka ufukweni. Kwa mpangilio wa matukio, wenyeji hawakukosea.

Wataalamu wa wanyama wamependekeza viumbe halisi ambao wangeweza kuzaa masimulizi ya Lukwata. Fisi maji huogelea kwa kufuatana mstari mmoja, vichwa na migongo ikichomoza na kuzama kwa zamu, na kwa mbali jioni mstari huo huonekana kuwa mnyama mmoja mrefu mwenye nundu nyingi. Chatu huvuka maji kati ya visiwa. Lakini wa ajabu kuliko wote ni kamongo, samaki mwenye mapafu, ambaye mwili wake hufanana na mkunga mnene na ambaye anaweza kufikia mita 2. Kamongo hawezi kuishi kwa matamvua yake peke yake. Kila baada ya muda hupanda, husukuma pua juu ya maji, hugugumia hewa kwa sauti inayosikika mtumbwini, kisha hushuka tena. Dume hulinda kiota chake kwenye mafunjo na humng'ata yeyote anayekanyaga karibu, na meno yake yaliyoungana kuwa bamba yanaweza kukata kidole. Mvuvi aliyesikia pumzi hiyo usiku, umbali wa mkono kutoka kwenye ubavu wa mtumbwi wake, hakuhitaji kuambiwa kwamba ziwa lina wenyewe.

Kiumbe mkubwa wa kigeni alifika kweli, naye hakutoka katika masimulizi. Mwaka 1954, upande wa Uganda, sangara waliochukuliwa Ziwa Albert walimwagwa kimyakimya katika Ziwa Viktoria, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 wengine walipandikizwa rasmi Entebbe na Kisumu. Sangara anaweza kufikia karibu mita 2 na kilo 200, na hula karibu kila kinachoogelea, hata watoto wa aina yake. Geoffrey Fryer, mwanabiolojia Mwingereza, alionya kwa maandishi mwaka 1960 kwamba samaki huyo ataharibu ziwa, lakini hoja iliyoshinda ilikuwa kwamba samaki wadogo wasio na bei wangegeuzwa kuwa nyama ya thamani na burudani ya wavuvi wa ndoano. Samaki hao wadogo ni furu, jamii ya aina zipatazo 500, ambazo nyingi hazipatikani popote pengine duniani, na ambazo zilitokea kwa kasi ya kustaajabisha, kwani wanajiolojia wanaamini ziwa lote lilikauka miaka ipatayo 15,000 au 16,000 iliyopita kabla ya kujaa upya. Katika uchunguzi wa mwaka 1969 hadi 1971 furu walikuwa takriban asilimia 80 ya uzito wa samaki wa karibu na sakafu ya ziwa. Mwishoni mwa miaka ya 1980 walikuwa karibu hawapatikani katika nyavu za uchunguzi, na aina zipatazo 200 zinadhaniwa kutoweka kabisa.

Hakuna mzimu katika masimulizi yote ya Bachwezi aliyewahi kusemwa kufanya uharibifu wa kiasi hicho. Tofauti kubwa ni kwamba sangara hakuwa na embandwa, wala mwiko, wala mtu wa kuulizwa sababu. Walioamua kumleta waliondoka na kustaafu kwao, na walioishi na matokeo hawakuwahi kushauriwa. Wakati huohuo ni lazima kukiri kwamba sangara alileta fedha. Uvuvi wa ziwa lote, uliokuwa karibu tani 100,000 kwa mwaka katika miaka ya 1970, ulifikia tani zipatazo 500,000 ilipofika mwaka 1990, na visiwa vya Muleba kama Goziba, Bumbire, Ikuza na Mazinga vilijaa wavuvi kutoka Mara, Mwanza, Uganda na nchi jirani. Mialo, yaani vituo vya kushushia samaki, ilipata maduka, jenereta na vibanda vya mabati ambako zamani kulikuwa na mafunjo na mitumbwi michache. Umoja wa Ulaya ulipozuia samaki wa ziwa mara kadhaa kati ya 1997 na 1999 kwa sababu za usafi na sumu, athari zake zilihisiwa hadi kwenye visiwa hivyo.

Katika mialo hiyo sangara hugawanywa kwa namna inayoonyesha jinsi ulimwengu wote ulivyoingia ziwani. Minofu huenda viwandani na kusafirishwa ng'ambo. Samaki wasiofaa kiwandani hupasuliwa, hutiwa chumvi na kuanikwa kuwa kayabo, inayouzwa Kongo na kwingineko. Kitu cha thamani zaidi, hata hivyo, ni bondo, yaani mfuko wa hewa unaomsaidia samaki kuelea. Mpasuaji hufungua tumbo, huingiza vidole chini ya uti wa mgongo, na kuutoa mfuko huo mweupe, unaoteleza, bila kuutoboa; kisha huoshwa, hukwanguliwa utando na damu, na kukaushwa hadi unakuwa mgumu na wa rangi ya kaharabu. Mabondo hununuliwa kwa ajili ya masoko ya China, na kwa uzito bei yake huizidi kwa mbali bei ya minofu, kiasi kwamba samaki mkubwa huthaminiwa kwanza kwa kilichomo tumboni mwake.

Mugasha naye hakufukuzwa na yote hayo, ila mamlaka yake yalipungua. Meli ya MV Bukoba ilipopinduka karibu na Mwanza tarehe 21 Mei 1996, baada ya kutoka Bukoba na kupitia Kemondo, na kuua watu ambao makadirio ya mara nyingi huwaweka zaidi ya 800, maswali ya hadharani yalihusu wingi wa abiria, shehena na uwiano wa chombo, na yalipaswa kuwa hivyo. Karibu kila ukoo wa Kihaya ulipoteza mtu au ulimjua aliyepoteza. Hakuna sadaka ambayo ingesawazisha meli iliyojaa kupita kiasi, na uzito wa kosa la binadamu haupaswi kupewa mzimu auchukue.

Sangara walipovuliwa kupita kiasi katika miaka ya 1990 na idadi yao ikaanza kushuka, furu wachache walirejea. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden, Uholanzi, ambao walikuwa wakichunguza samaki wa Ghuba ya Mwanza tangu mwaka 1977, waliwalinganisha furu hao na wale wa aina zilezile waliohifadhiwa katika chupa za spiriti kabla ya ujio wa sangara. Katika makala ya mwaka 2008 waliripoti kwamba aina moja, Haplochromis pyrrhocephalus, ilikuwa imepanua eneo la matamvua yake kwa zaidi ya asilimia 60 katika muda wa miaka ipatayo 20, katika maji ambayo sasa yana hewa kidogo kuliko zamani, na kwamba chakula chake nacho kilikuwa kimebadilika, kwani samaki aliyezoea kula vijidudu vinavyoelea alikuwa ameanza kula mawindo makubwa zaidi. Samaki huyo mdogo, anayeenea kiganjani, ni kiumbe ambaye hakuwapo katika umbo hilo wakati Mulokozi alipokuwa mtoto, na bado anavuliwa bila kutambuliwa katika nyavu za dagaa zinazovutwa usiku chini ya taa.